Wakalimani wa Nyuma ya Dirisha

Msomaji, ukiketi mbele ya kompyuta ukabonyeza kitufe kilichoandikwa "Hifadhi", waraka wako huhifadhiwa, nawe huendelea na shughuli zako. Huulizi kitufe kile kimetoka wapi, wala ni nani aliyekichora. Hilo si kosa. Mtu anywaye maji ya bomba hana lazima ya kuujua mlima yatokako maji hayo. Walakini kijana asomaye ili aelewe, wala si ili afaulu mtihani peke yake, hupata faida kubwa akiufuata mfereji mpaka chanzoni. Katika insha hii nataka kukusimulia historia ya kitufe hicho, na ya maktaba za amri zilizofichwa nyuma yake. Utaona kwamba kila mara watu waliposema wameandika kazi moja iwezayo kutumika mahali pote, palikuwako watu wengine walioiandika sehemu ya kazi hiyo tena na tena, mahali kwa mahali, ili msemo ule upate kuwa kweli.

Kwanza yatupasa kuelewana juu ya maneno mawili. Mfumo endeshi ni programu kuu inayoitawala kompyuta. Ndio wenye kugawa kumbukumbu, wenye kulinda mafaili, na wenye mamlaka juu ya kiwambo. Programu nyingine zote ni wageni wake. Mgeni akitaka kufungua dirisha au kuweka kitufe hana ruhusa ya kujifanyia apendavyo, sharti aombe. Maombi hayo hufanywa kwa amri ambazo wenyeji wamekwisha kuziandika na kuziweka pamoja katika mafungu. Fungu la amri kama hizo ndilo liitwalo maktaba. Katika maktaba ya namna hii hamna vitabu vya kusomwa. Mna kazi zilizo tayari kufanywa, zinazongoja kuitwa kwa majina yake.

Watu wa mwanzo walioitumia kompyuta waliiamuru kwa kadi zilizotobolewa, na baadaye kwa maneno yaliyopigwa chapa. Mwaka 1973 mafundi wa kituo cha utafiti cha kampuni ya Xerox, huko Palo Alto katika jimbo la California, Marekani, waliunda kompyuta iliyoitwa Alto. Kiwambo chake kiliweza kuonyesha picha, na mtumiaji aliielekeza kwa kipanya. Wazo hilo likaenea. Mwezi wa Januari 1984 kampuni ya Apple ilitoa Macintosh. Mwaka huo huo, katika chuo cha MIT, ulianzishwa mfumo wa madirisha ulioitwa X, nao ukaja kutumiwa sana katika kompyuta za Unix. Mwezi wa Novemba 1985 Microsoft ilitoa toleo la kwanza la Windows.

Nyumba tatu hizi zilifanana kwa nje. Zote zilikuwa na madirisha, na katika zote mtumiaji alielekeza kwa kipanya. Lakini kila nyumba ilikuwa na maktaba yake na lugha yake. Katika Windows, kitufe huombwa kwa amri iitwayo CreateWindowEx. Katika GTK, maktaba iliyozaliwa katika miaka ya 1990 na kutumiwa sana katika Linux, kitufe hicho hicho huombwa kwa gtk_button_new. Katika Macintosh ya leo huombwa kitu kiitwacho NSButton. Kitu ni kimoja, lakini majina ni matatu, na adabu za kuomba ni tatu. Fundi aliyetaka programu yake itumike katika nyumba zote tatu hakuwa na budi kuiandika sura yake mara tatu, na kila kosa alilosahihisha mahali pamoja alipaswa kulitafuta tena katika mahali pawili palipobaki.

Ndipo ilipokuja ahadi kubwa. Mwaka 1991 kikundi cha mafundi wa kampuni ya Sun Microsystems, akiwamo James Gosling, mzaliwa wa Kanada, kilianza kazi iliyozaa lugha mpya ya kuandikia programu. Mwanzoni lugha hiyo ilikusudiwa vyombo vya nyumbani. Ilipotangazwa kwa watu wote tarehe 23 Mei 1995, iliitwa Java, na ahadi yake ilikuwa hii: iandike programu mara moja, nayo itakwenda popote.

Ahadi hiyo haikuwa maneno matupu. Programu ya Java haifasiriwi katika lugha ya kompyuta fulani. Hufasiriwa katika lugha ya mashine ya kubuni, mashine isiyoundwa kwa chuma. Kisha kila aina ya kompyuta hupewa programu ya pekee yenye kuijua lugha ya mashine hiyo na kuitekeleza. Kwa mambo ya hesabu na maneno, mpango huu ulifaa sana. Kujumlisha ni kujumlisha, iwe Windows au Unix. Lakini kitufe si hesabu. Kitufe ni mali ya mwenyeji, na mgeni hana njia ya kukipata ila kwa kuomba kwa lugha ya nyumba ile. Hapa ahadi ya Java ilifika kwenye mto usio na daraja, na mafundi wakajaribu kuuvuka kwa njia tatu, moja baada ya nyingine.

Njia ya kwanza iliitwa AWT, nayo ilitoka pamoja na toleo la kwanza la Java mwezi wa Januari 1996. Katika njia hii kila kitufe cha Java kilikuwa na mwenziwe katika nyumba ya mwenyeji. Fundi aliandika neno moja tu, na AWT ikaenda kuomba: katika Windows iliomba kwa Windows, na katika Unix iliomba kwa maktaba iliyoitwa Motif. Mpango ulikuwa mzuri, lakini ulikuwa na sharti gumu. Kwa kuwa programu ilitakiwa kuwa sawa mahali pote, AWT iliweza kutoa vile tu vilivyopatikana mahali pote. Nyumba moja ikikosa chombo, nyumba zote zilikikosa. Kwa hiyo AWT haikuwa na jedwali la safu na mistari, wala haikuwa na orodha ya matawi kama ile tuonayo tukitazama mafaili yaliyomo katika mafaili makuu. Ni kama karamu ambayo mwenye kualika ameagiza kipikwe kile tu kinacholiwa na kila kabila duniani: mwishowe mezani hubaki maji na chumvi. Tena wenzi wale hawakuwa na tabia moja, hata waandishi wa programu wakafanya mzaha wakisema kwamba kitu kilichoandikwa mara moja sharti kisahihishwe popote.

Njia ya pili iliitwa Swing. Ilitangazwa mwaka 1997, ikatiwa ndani ya Java toleo la 1.2 mwezi wa Desemba 1998. Waliobuni Swing walichoka kuomba. Wakaamua kumwomba mwenyeji kitu kimoja tu, dirisha tupu, na ndani ya dirisha lile wakajichorea kila kitu wenyewe: vitufe, majedwali, orodha, hata vivuli vya pembeni. Sasa Java ikawa na vyombo vingi, na tabia ya kila chombo ikawa moja mahali pote, kwa sababu mchoraji alikuwa mmoja.

Lakini mgeni ajengaye nyumba yake ndani ya nyumba ya mwenyeji hutambulikana. Swing ilijaribu kuiga sura ya wenyeji, na kuiga ni kazi isiyo na mwisho. Mwaka 2001 Windows XP ilitoka na sura mpya, vitufe vyake vikiwa na rangi na umbo jingine. Programu zilizotumia vitufe halisi vya mwenyeji ziliweza kuvikwa nguo mpya kwa kazi ndogo. Swing ilingoja mpaka Java toleo la 1.4.2, mwaka 2003, ndipo wachoraji wake walipoiga sura hiyo. Tena katika kompyuta za miaka ile, kuchora kila kitu upya kuliifanya programu ionekane nzito.

Njia ya tatu ilitoka Ottawa, mji mkuu wa Kanada. Huko palikuwa na kampuni iliyoitwa Object Technology International, iliyonunuliwa na IBM mwaka 1996. Mafundi wake walikuwa wamefanya kazi kwa miaka mingi na lugha ya Smalltalk, ambayo ilizaliwa katika kituo kile kile cha Xerox kilichounda Alto, na tayari walikuwa wamejifunza kuviunganisha vyombo vya wenyeji na lugha ya kigeni. IBM ilipotaka kuunda kwa Java karakana mpya ya waandishi wa programu, mafundi hao hawakuridhika na AWT wala Swing. Wakaunda sanduku lao la vifaa, likaitwa SWT, na fundi anayetajwa mbele katika kazi hiyo ni Steve Northover. Karakana yenyewe iliitwa Eclipse, nayo ilitolewa kwa watu wote bure, pamoja na SWT, mwezi wa Novemba 2001.

Sasa, msomaji, tuingie nyuma ya dirisha tuone kazi inavyofanyika. Ndani ya SWT mna darasa moja la Java lililopewa jina fupi, OS. Humo yameandikwa majina ya amri za mwenyeji, moja moja, kama zilivyo: katika SWT ya Windows utaikuta CreateWindowEx, na katika SWT ya Linux ya miaka ya mwanzo ilikutwa gtk_button_new. Lakini majina hayo hayana maelezo ya kazi chini yake. Kila moja limetiwa alama ya kusema kwamba kazi yake haimo katika Java, imo nje, katika maktaba iliyoandikwa kwa lugha ya C. Java ina mlango maalumu wa kutokea kwenda kwenye maktaba za namna hiyo, uitwao JNI, nao ulifunguliwa katika toleo la 1.1 mwaka 1997.

Maktaba hiyo ya C ndiyo mkalimani wetu. Hupokea neno kutoka Java, hulibadili umbo ili mwenyeji alielewe, huiita amri ya mwenyeji, kisha hurudisha jibu. Haiongezi neno wala haipunguzi. Mafundi wa SWT walishika kanuni moja kwa ukali: amri moja ya Java kwa amri moja ya mwenyeji. Sababu yake ilikuwa ya busara. Kosa likitokea ndani ya Java, Java hulitaja na kuonyesha mstari lilipotokea. Kosa likitokea ndani ya C, huenda programu nzima ikaanguka bila kusema neno. Kwa hiyo akili yote waliiweka upande wa Java, mahali penye mwanga, na upande wa C wakaacha ukalimani mtupu. Faida nyingine ni kwamba fundi aijuaye Windows, akiisoma Java ya SWT, huzikuta amri zile zile alizozizoea.

Na pale mwenyeji alipokosa chombo, SWT haikuwanyima wengine kama AWT ilivyofanya. Motif haikuwa na jedwali wala orodha ya matawi. Basi katika Motif tu mafundi walivichora wenyewe, na penginepo wakatumia vya mwenyeji.

Wazee wetu wana methali isemayo, ukienda kwa wenye chongo, fumba lako jicho. SWT iliifuata methali hiyo, lakini kufumba jicho kuna gharama yake, nami sitaki kukuficha. Java humwondolea mwandishi kazi ya kusafisha: kitu kisichotumika tena hukusanywa na kutupwa bila yeye kujua. Mwenyeji hana desturi hiyo. SWT ikiomba kitufe, hupewa namba ya kukishikia, na chombo hicho huendelea kukaa kwa mwenyeji mpaka kirudishwe. Rangi, picha na herufi za kuandikia ni vivyo hivyo. Kwa hiyo mwandishi wa SWT hupewa kanuni iliyo kinyume cha desturi ya Java: ulichokiumba, kiharibu mwenyewe. Akisahau, vyombo hulimbikizana. Windows kwa kawaida huruhusu programu moja kushika vyombo vya kuchorea 10,000 tu. Baada ya hapo maombi hukataliwa, na madirisha huanza kukosa baadhi ya sehemu zake.

Zile namba za kushikia nazo zilileta kazi yake. SWT ilipoanza, namba hizo ziliwekwa katika nafasi ya biti 32. Kompyuta za biti 64 zilipoenea, namba iliweza kuwa kubwa kupita nafasi yake, na mahali pote palipoandikwa aina ndogo ya namba palihitaji kupata aina kubwa. Huo haukuwa mwisho. Mwaka 2007 Apple ilitoa habari kwamba maktaba yake ya zamani, iliyoitwa Carbon, haitapelekwa katika biti 64. SWT ya Macintosh ilikuwa imejengwa juu ya Carbon. Ikawabidi mafundi kuujenga upande ule upya juu ya maktaba nyingine, Cocoa, na kazi yao ilitoka pamoja na Eclipse 3.5 mwezi wa Juni 2009. Huko Linux, GTK toleo la 3 lilitoka mwaka 2011, likabadili mengi. Na Apple ilipoanza, mwaka 2020, kuuza kompyuta zenye vichakataji vyake yenyewe, maktaba ya C ilihitaji kuundwa tena kwa vichakataji hivyo. Mwandishi wa programu aliyekaa juu ya SWT, mara nyingi, hakubadili sana mistari yake mwenyewe. Mzigo huo ulibebwa na wakalimani.

Pengine wauliza, msomaji: taabu yote hii ya nini? Je, kitufe kilichochorwa na Swing hakibonyezeki kama kitufe cha mwenyeji? Kwa mtu mwenye macho, jibu ni kwamba hubonyezeka vizuri. Lakini fikiri habari ya mtu asiyeona. Yeye hutumia kompyuta kwa msaada wa programu inayomsomea kwa sauti yaliyomo katika kiwambo. Mmoja wapo wa wasomaji hao ni NVDA, iliyoanzishwa mwaka 2006 na Michael Curran wa Australia, ambaye mwenyewe haoni, nayo hutolewa bure. Programu ya namna hii haitazami picha, humwuliza mwenyeji, "Hapa pana nini?" Kikiwa ni kitufe halisi cha mwenyeji, mwenyeji hujibu, "Ni kitufe, jina lake Hifadhi." Kikiwa kimechorwa na mgeni, mwenyeji hajui lolote, kwake yeye hapo pana dirisha tupu lenye rangi.

Basi kwa asiyeona, kitufe kizuri kilichochorwa vibaya na kitufe kibaya kilichochorwa vizuri ni sawa: vyote viwili havipo, mpaka mtu amjulishe mwenyeji. Swing haikulipuuza jambo hili. Iliundiwa daraja la pekee la kupeleka habari hizo katika Windows, lakini kwa miaka mingi daraja hilo lilipaswa kutafutwa na kuwekwa katika kompyuta peke yake, hata mwaka 2012 lilipotiwa ndani ya Java yenyewe. SWT ilipokea sehemu kubwa ya msaada huo bila kuutafuta, kwa sababu vitufe vyake vilikuwa vya mwenyeji tangu mwanzo. Hapo ndipo uchaguzi wa fundi, uonekanao kama jambo la karakana tu, unapogeuka kuwa mlango wa mtu kupata kazi au kuikosa.

Usidhani, hata hivyo, kwamba historia hii ina mshindi mmoja. Swing haikufa. Karakana ya IntelliJ IDEA, iliyotoka mwaka 2001, ilijengwa juu ya Swing, na Android Studio, iliyotangazwa mwaka 2013 na kutumiwa na vijana wengi wanaoandika programu za simu, ilijengwa juu ya msingi wa IntelliJ. Kompyuta zilipata nguvu, na uzito wa kuchora ukasahauliwa. Eclipse nayo imeendelea na SWT. Kila njia ilipata kitu na kutoa kitu. AWT ilitafuta umoja kwa kupunguza, ikatupa kila kisichokuwa cha wote. Swing ilitafuta umoja kwa kuiga, ikajitwika kazi ya kumfuata mwenyeji kila abadilipo nguo. SWT ilitafuta umoja kwa kufasiri, ikajitwika kazi ya kulisha wakalimani wengi, na kila mkalimani ajue nyumba moja vizuri.

Sisi wa Afrika Mashariki hatuna haja ya kufundishwa thamani ya mkalimani. Majahazi yaliyokuja Mombasa na Lamu kwa pepo za kaskazi yalileta watu wa lugha mbalimbali, na biashara yao isingalikwenda bila watu wa bandarini waliojua kusema na huyu kwa lugha yake na yule kwa lugha yake. Vitabu huyataja majina ya matajiri na ya manahodha. Majina ya wakalimani ni machache. Katika kompyuta pia ndivyo ilivyo. Jina la programu huandikwa juu ya dirisha kwa herufi kubwa, na maktaba iliyoliomba dirisha lile hukaa katika faili ambalo mtumiaji halifungui.

Basi, kijana, siku utakaposikia mtu akisifu kitu kwamba ni kimoja kwa watu wote na mahali pote, usikatae upesi wala usikubali upesi. Uliza maswali mawili. Ni nani anayefanya kazi ya kukipatanisha na kila mahali? Na ni nani ambaye, kwa kuwa hakukumbukwa katika mapatano hayo, amebakia mbele ya dirisha tupu? Ukiyapata majibu ya maswali hayo, utakuwa umekijua kitu hicho kuliko wengi wakitumiao kila siku.